Gari lako likishikiliwa na mamlaka ya Serikali: lidai kwa maandishi kabla muda wa sheria haujakupita

Ndugu wadau,

Mmiliki wa gari akipigiwa simu na dereva kwamba chombo kimezuiwa, mara nyingi jambo la kwanza analolifanya ni kutafuta mtu anayemfahamu mtu. Siku zinakwenda akiwa amekaa kwenye benchi la mapokezi, anaambiwa mkubwa yuko kikaoni arudi kesho, na kesho yake anarudi kweli. Siku anayoamua kumwona wakili, inabainika kwamba katika faili zima hakuna hata barua moja yenye jina lake. Ofisi ina maelezo ya dereva, ina orodha ya mzigo, ina picha za gari, lakini mwenye gari hayumo. Kisheria ni kama hajawahi kujitokeza kudai chochote, na yapo mazingira ambayo ukimya huo peke yake unatosha kumpotezea mali yake.

Nafanya kazi ya nyaraka za usafirishaji hapa nchini Tanzania, na nimeshiriki kuandaa madai ya namna hii kwa niaba ya wamiliki wa malori, mabasi madogo na pikipiki. Ninaloliandika hapa halichukui nafasi ya wakili, na kwa mashauri mazito nitasisitiza wakili atafutwe mapema. Ninachotaka ni kwamba mmiliki, hasa yule mwenye gari moja linalolisha familia nzima, ajue mahali pa kuanzia ili asipoteze wiki za mwanzo, kwa sababu hizo ndizo zenye thamani kuliko zote.

Anza kwa kujua gari limeshikiliwa kwa sheria ipi na kwa amri ya nani. Yadi ya kituo cha polisi inaweza kuwa na magari ambayo hayashikiliwi na polisi kabisa. Moja limeletwa na maofisa wa forodha kwa sababu ya bidhaa zisizolipiwa ushuru, jingine limeletwa na Wakala wa Huduma za Misitu kwa sababu ya mbao au mkaa usio na hati ya kusafirishia, na la tatu ni kielelezo katika kesi ambayo tayari iko mahakamani. Mkuu wa kituo anayalinda yote, lakini kwa hayo matatu hana mamlaka ya kuliachia hata moja kwa uamuzi wake. Ukimwomba yeye akakukatalia, hajakuonea, na ukimlaumu unapoteza nguvu zako bure. Omba upewe nakala ya hati ya ukamataji. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai inamtaka ofisa anayekamata mali wakati wa upekuzi atoe hati inayothibitisha kwamba ameichukua, yenye saini za waliohusika na za mashahidi. Hati hiyo itakuonyesha tarehe, jina la ofisa, taasisi yake na kilichochukuliwa. Kama dereva wako aliwekewa karatasi akasaini bila kubaki na nakala, andika barua siku hiyo hiyo ukiomba nakala hiyo, na barua yako igongwe mhuri wa kupokelewa.

Nieleze kwa urefu kuhusu forodha, kwa sababu huko ndiko muda unakoua haki za watu wengi. Sheria inayotumika ni Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, na kwa hiyo utaratibu wake ni ule ule kwa Tanzania, Kenya, Uganda na nchi nyingine wanachama zinazoitumia. Chini ya sheria hiyo, gari lililotumika kubeba au kuficha bidhaa za magendo linaweza kutaifishwa pamoja na bidhaa zenyewe. Kifungu cha 214 kinaweka muda wa mwezi mmoja ambao mwenye mali anatakiwa kutoa taarifa ya madai kwa maandishi. Muda huo huhesabiwa tangu siku ya ukamataji, au tangu tarehe ya taarifa rasmi ya ukamataji pale ambapo taarifa hiyo ilitolewa. Mwezi ukipita bila dai, mali huhesabiwa kuwa imekwisha kutaifishwa, bila hakimu kukaa na bila shahidi kuitwa. Ushauri wangu ni kuhesabu tangu siku ya ukamataji hata kama bado unasubiri taarifa rasmi, kwa sababu ukiwahi hakuna utakachopoteza.

Taarifa ya madai haihitaji maneno mengi. Inapelekwa kwa Kamishna wa forodha, nakala kwa ofisi ya forodha iliyokamata, ikisema wewe ni nani, gari ni lipi kwa namba ya usajili, namba ya chesisi na namba ya injini, lilikamatwa lini na wapi, na kwamba unalidai kama mmiliki na unapinga kutaifishwa kwake. Zingatia tofauti iliyopo kati ya kudai na kuomba huruma. Barua inayosema “naomba mnisamehe mnirudishie gari langu” inaweza kusomwa kama ombi la hisani, na hisani haina muda wa kujibiwa. Dai lina muda. Kwa mujibu wa kifungu cha 216, Kamishna akishapokea dai ana miezi miwili ya kufanya moja kati ya mambo mawili: ama akutake kwa maandishi ufungue shauri ndani ya miezi miwili, ama afungue yeye mwenyewe shauri la kuomba mali itaifishwe. Asipofanya lolote kati ya hayo, mali inapaswa kurejeshwa kwa mdai, isipokuwa kama ni kitu ambacho uingizaji au usafirishaji wake umepigwa marufuku au umewekewa masharti. Na ukitakiwa kufungua shauri ukakaa kimya, mali inakwenda. Kwa hiyo barua yoyote itakayotoka kwa Kamishna ifikishe kwa wakili siku uliyoipokea.

Zipo njia nyingine ndani ya sheria hiyo hiyo. Kifungu cha 218 kinampa Kamishna uwezo wa kuelekeza mali iliyokamatwa irejeshwe kwa masharti, hata kama imekwisha kutaifishwa, na hapo ndipo barua ya kuomba kwa heshima, yenye maelezo ya mazingira yako na vielelezo vyake, inapata mahali pake. Kifungu cha 229 kinamruhusu mtu aliyeathiriwa na uamuzi wa ofisa wa forodha kuomba mapitio kwa Kamishna ndani ya siku 30, naye anatakiwa kujibu ndani ya siku 30. Usiporidhika, kifungu cha 230 kinakupa siku 45 za kukata rufaa, ambayo kwa Tanzania husikilizwa na Bodi ya Rufani za Kodi. Njia hizi haziondoani, lakini nisingekubali hata moja inicheleweshe kupeleka dai la kifungu cha 214.

Kwa polisi mambo yana sura nyingine. Gari likiwa kielelezo, kinachoshindaniwa mara nyingi ni ushahidi kabla ya umiliki: upelelezi unataka gari lipatikane mahakamani litakapohitajika, lisiuzwe, lisibadilishwe rangi, lisifunguliwe injini. Ukilielewa hilo, barua yako kwa Mkuu wa Polisi wa Wilaya au kwa mkuu wa upelelezi itajibu hofu hiyo moja kwa moja. Omba gari lipigwe picha pande zote, namba zake za utambulisho zichukuliwe na kuthibitishwa, kisha ukabidhiwe kwa hati ya dhamana yenye ahadi kwamba utalileta kila utakapotakiwa na hutaliuza hadi shauri liishe. Toa wadhamini. Eleza kwamba gari linaharibika likikaa, kwamba matairi yanakauka na betri inakufa, na kwamba hata Serikali haitanufaika na chuma kilichooza endapo mwisho wa kesi utakuwa kukurudishia. Nakala ya barua hiyo ipelekwe Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, kwa sababu mwendesha mashtaka ndiye atakayeulizwa na mahakama kama ana pingamizi.

Kesi ikiwa imefunguliwa, mlango wako ni mahakama inayoisikiliza. Unapeleka maombi ya maandishi yanayoungwa mkono na hati ya kiapo, ukijitambulisha kama mtu mwenye maslahi na mali hiyo ambaye si mshtakiwa. Kwa makosa ya uhujumu uchumi, mahakama ya chini inaweza kueleza kwamba haina mamlaka ya kutoa amri wakati shauri halijafika Mahakama Kuu, ambayo tangu mwaka 2016 ina Divisheni ya Makosa ya Rushwa na Uhujumu Uchumi. Hilo lisikukatishe tamaa, kwa kuwa maana yake ni kwamba ombi lielekezwe kunakostahili.

Mmiliki asiye mshtakiwa anao msingi wa kikatiba. Ibara ya 24 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977 inalinda haki ya kumiliki mali, na ibara ya 13(6)(a) inalinda haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Katika Rufani ya Madai Namba 45 ya mwaka 2000, iliyokatwa na kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts and Transport, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba haki ya kusikilizwa hapa nchini si kanuni ya haki asilia tu, bali imekuwa haki ya msingi ya kikatiba. Ukigundua kwamba gari lako limetaifishwa katika kesi ya dereva bila wewe kuitwa, hoja hiyo ndiyo ya kwanza kumpa wakili wako, naye ataangalia kama ni suala la rufaa, mapitio au marejeo.

Lakini kusikilizwa ni jambo moja na kuaminiwa ni jambo jingine. Mahakama itataka kujua kama ulijua, au ulipaswa kujua, gari lako lilikuwa likifanya nini usiku ule. Mmiliki anayesema “mimi sikujua” na kuishia hapo anaeleweka vibaya. Anayeleta mkataba wa ajira wa dereva, maelekezo ya safari, hati ya mzigo yenye jina la mteja, kumbukumbu za kifaa cha kufuatilia mwenendo wa gari zinazoonyesha dereva aliacha njia, na taarifa aliyoitoa polisi mara alipojua, anaonyesha kwa matendo kwamba biashara yake ni halali. Nyaraka hizo hazitengenezwi baada ya ukamataji. Zinapaswa kuwapo kila safari, na nasema hili kwa uchungu kwa sababu nimeona wamiliki waadilifu kabisa wakikosa cha kuonyesha.

Makosa ya kawaida ya usalama barabarani sitayasemea sana. Gari likizuiwa kwa ubovu, au kwa kukosa leseni ya usafirishaji ya LATRA, yaani Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini, mara nyingi tiba ni kurekebisha kasoro, kulipa tozo kwa kumbukumbu namba ya malipo ya Serikali na kuondoka na stakabadhi. Usilipe fedha mkononi kwa mtu yeyote anayeahidi kulitoa gari. Utapoteza fedha, unaweza kujikuta wewe ndiye mshtakiwa wa rushwa, na gari litabaki pale pale.

*

Mchangiaji wa kwanza: Ndugu mleta uzi, nashukuru kwa maelezo. Mimi nilinunua gari kwa mtu, tukaandikishana mkataba kwa mwanasheria, lakini kadi bado ina jina lake. Gari limeshikiliwa kama kielelezo na naambiwa aje mwenye kadi, naye simu yake haipatikani. Je, nina haki gani?

Mleta uzi: Ndugu, hali yako ni ya watu wengi mno. Kadi ya usajili ni ushahidi wenye nguvu kuhusu nani mmiliki, na ofisa anayelinda kielelezo anaogopa, kwa haki, kumkabidhi gari mtu ambaye kesho ataonekana si mwenyewe. Hata hivyo mkataba wa mauziano, uthibitisho wa malipo kupitia benki au simu, bima iliyokatwa kwa jina lako na kiapo cha mashahidi wa mauziano vinaweza kuishawishi mahakama kwamba wewe ndiye mwenye maslahi halisi. Kwa hiyo kwako ombi la mahakamani lina nafasi kubwa zaidi kuliko barua ya kituoni. Wakati huo huo endelea kumtafuta muuzaji kupitia mwanasheria aliyewaandikisha, kwa kuwa hati yake ya kiapo inayokiri kwamba alikuuzia itamaliza ubishi mwingi. Kama ikibainika amefariki, anayehitajika ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Mtoto au mjane asiye na barua za usimamizi hawezi kusaini kwa niaba ya marehemu.

Mchangiaji wa pili: Mimi ni wakili. Naomba kuongeza jambo moja kuhusu forodha ambalo mleta uzi hakuligusa, nalo ni kufifilisha kosa, yaani kulimaliza kwa Kamishna kwa kukiri na kulipa bila kwenda mahakamani, chini ya kifungu cha 219. Wateja wengi huletewa fomu wakaambiwa wasaini, walipe, mambo yaishe. Njia hiyo ni halali na wakati mwingine ndiyo nafuu, lakini msaini akifahamu kwamba anakiri kwa maandishi kuwa alitenda kosa, na kwamba amri ya Kamishna inayotokana na kukiri huko ni ya mwisho na haikatiwi rufaa. Mmiliki ambaye hakuhusika hana sababu ya kukiri kosa la dereva wake ili apate gari. Dereva akitaka kufifilisha kosa lake, mmiliki ahakikishe kwanza amri inasema nini kuhusu gari, kwa sababu amri inaweza kumwachia dereva na kulitaifisha gari.

Mleta uzi: Nakushukuru sana, wakili. Nakubaliana nawe kabisa, na naomba kila anayesoma uzi huu asiruke maelezo haya. Nimeona dereva akisaini karatasi hizo kwa nia njema, akiamini anamsaidia bosi wake, na mmiliki akaja kukuta jambo limefungwa bila yeye kuwamo.

Mchangiaji wa tatu: Je, mtu akiandika barua zote hizo na ofisi isijibu kabisa, afanye nini? Maana kwetu sisi wa pikipiki za mkataba, mwenye chombo anaendelea kudai hesabu yake ya kila siku hata kama chombo kiko kituoni.

Mleta uzi: Ndugu yangu, pole kwa mzigo huo, nao ni mzito kwa sababu mwendeshaji analipia chombo ambacho hakimwingizii chochote. Kwanza mshirikishe mwenye chombo kwa maandishi tangu siku ya kwanza, kwa kuwa yeye ndiye mwenye kadi na dai litakuwa na nguvu likitoka kwake, au likitoka kwako ukiwa na hati yake ya uwakilishi. Angalieni pia mkataba wenu unasema nini kuhusu siku ambazo chombo hakifanyi kazi kwa sababu isiyotokana na kosa lako.

Ofisi isipojibu, barua ya kukumbushia ipande ngazi moja: kutoka kituoni kwenda wilayani, kutoka wilayani kwenda kwa Kamanda wa Polisi wa Mkoa, kila mara ukiambatisha nakala za zile zilizotangulia zikiwa na mihuri ya kupokelewa. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora nayo hupokea malalamiko dhidi ya watumishi wa umma. Kama hakuna kesi iliyofunguliwa na chombo kinaendelea kushikiliwa bila sababu, wakili anaweza kuomba Mahakama Kuu iamuru mamlaka itimize wajibu wake, na ombi la kibali cha kufungua shauri hilo lina ukomo wa miezi sita tangu uamuzi au kitendo kinacholalamikiwa. Ukitaka fidia kwa hasara uliyoipata, hilo ni shauri la madai dhidi ya Serikali, nalo hutanguliwa na notisi ya siku 90 na Mwanasheria Mkuu wa Serikali kuunganishwa. Usichanganye hayo mawili katika barua moja. Tafuta chombo kwanza, kwa sababu hesabu ya fidia inaweza kusubiri na pikipiki haiwezi.

Mchangiaji wa nne: Gari letu limeamriwa kuachiwa wiki hii na mahakama. Kuna lolote la kuangalia siku ya kulichukua?

Mleta uzi: Hongereni sana. Nendeni na nakala ya amri iliyothibitishwa na mahakama, kitambulisho cha mmiliki au hati ya uwakilishi, na fundi mnayemwamini. Kabla ya kusaini hati ya makabidhiano, zungukeni gari mkilinganisha na hati ya ukamataji: matairi, betri, redio, jeki, tairi la akiba, kiwango cha kilometa, na mzigo kama ulikuwamo na amri imeutaja. Kinachokosekana kiandikwe kwenye hati ile ile mbele ya ofisa anayekabidhi, kwa maneno ya staha na bila ugomvi, kisha wote msaini. Mkiambiwa msaini kwanza halafu mkague baadaye, ombeni kwa upole mkague kwanza. Fundi aangalie mafuta ya injini na breki kabla gari halijawashwa, na kama limekaa kwa muda mrefu livuteni hadi gereji badala ya kuliendesha. Kagueni pia tarehe za bima na leseni ya usafirishaji, kwa kuwa zinaweza kuwa zimekwisha likiwa yadini, na gari likitoka getini bila hizo linaweza kuzuiwa tena siku hiyo hiyo.